Nesta Holroyd na Kile Kimya cha Dirishani

Mwaka umetimia, Nesta, tangu asubuhi ile ya mvua ulipotuacha, na Clement bado analala upande wake uleule wa kitanda, ukingoni kabisa, kama mgeni aliyeazimwa nafasi. Nyumbani hatujahamisha kitu. Birika ni lilelile, na bado ni mwiko mtu kupiga mluzi ndani, kama ilivyo mwiko jukwaani.

Ulizaliwa Halifax, kaskazini mwa Uingereza, binti wa kondakta wa basi. Mtazamaji wako wa kwanza alikuwa mdogo wako Doreen. Ulimlaza kitandani kwa nguvu, ukamlilia kana kwamba amekufa, mpaka mwenyewe akaogopa na kuanza kulia kweli. Doreen husema hapo ndipo ulipoanza kututia wasiwasi, na tangu siku hiyo hukupumzika.

Kazi ya uigizaji ulijifunzia Morecambe, mji wa pwani, katika ukumbi wa maigizo uliobadilisha mchezo kila wiki. Jioni mlicheza mmoja, mchana mkafanya mazoezi ya ule wa wiki inayofuata. Maneno yako uliyabandika ukutani juu ya jiko, ukayasoma huku ukikoroga uji, na uji wako, Mungu akurehemu, uliungua kila siku. Huko ndiko ulikokutana na Clement. Alikuwa mkumbushaji: kazi yake ni kukaa gizani pembeni mwa jukwaa, kitabu cha mchezo magotini, ili mwigizaji akisahau amnong'oneze maneno yanayofuata. Katika wiki yake ya kwanza ulinyamaza ukiwa unaagana na mume wa mchezoni. Akadhani umesahau, akakutupia maneno kwa sauti iliyofika viti vya nyuma. Kumbe hukuwa umesahau. Pazia liliposhuka ulimfuata palepale alipokaa.

"Wewe kaka, ukiona nimenyamaza, jua niko kazini."

"Na ukisahau kweli, nitajuaje?"

"Nitazame vizuri."

Akakutazama vizuri hadi mkaoana, na baada ya hapo akaendelea kukutazama. Alijua kwamba ukinyamaza kwa makusudi, mabega yako hutulia. Ukisahau, kidole gumba huitafuta pete.

Filamu zako hazikumnyima usingizi, maana mbele ya kamera ukikosea mnarudia. Ulikuwa mama mkwe, ukawa karani wa posta, ukawa yule mama aliyewaficha askari ghalani. Kwa ajili ya huyo wa ghalani watu walikusimamisha dukani kwa muuza mboga, nawe ukawauliza habari za magoti yao na za wajukuu wao mpaka foleni ikanung'unika. Lakini roho yako ilikuwa jukwaani. Maua ya siku ya ufunguzi hukuyaleta nyumbani hata mara moja. Uliwagawia wanawake waliofagia ukumbi, ukimwita kila mmoja kwa jina lake.

Kisha ukaanza kusahau, kwanza mambo ya nyumbani. Siagi ilionekana kwenye kabati la viatu. Binti yako Hilary ulimwita kwa jina la mama yako. Daktari alisema kwa upole kwamba ugonjwa huo wa kusahau hauponi. Kabla hatujalizoea neno lake, ikaja simu kutoka London: kuna mchezo mpya, unahusu bibi mjane anayeuza nyumba yake, nao wanakutaka wewe. Ulikubali hata hujaketi.

Nyumba nzima ikawa roho juu. Doreen alisema mficha maradhi kifo humuumbua, na kwamba mwongozaji ana haki ya kuambiwa. Hilary aliogopa jioni utakaposimama mbele ya watu huna la kusema, na magazeti ya kesho yake. Hukubishana nao. Ulimgeukia Clement.

"Wakianza kunihurumia, Clem, nitakuwa nimekufa kabla ya siku zangu. Njoo ukae pale pembeni na kitabu."

"Hawataona kitu," alisema.

Kumbi za siku hizi hazina mkumbushaji. Bwana Lomas, mwongozaji, alidhani ni mazoea tu ya wazee wawili, akaruhusu. Clement akaibeba siri yako wiki zote za mazoezi. Alikonda kuliko wewe.

Jioni ya ufunguzi Clement alimaliza peremende zote za mfukoni kabla pazia halijafunguka. Hilary alikaa mbele, akiisokota karatasi ya majina ya wachezaji mpaka ikawa kama kamba. Sehemu ya kwanza ilikwenda kama maji. Katika sehemu ya pili ulikwenda dirishani, ukaushika ukingo wa pazia, ukanyamaza.

Clement alitazama mabega. Yalikuwa yametulia. Akautafuta mkono wenye pete, lakini ulikuwa umezama nyuma ya pazia. Mtu akakohoa, na mwingine akamfuata. Maisha yake yote alikuwa amejua, na sasa hakujua. Akisema neno nawe uko kazini, ameuharibu mchezo. Asiposema nawe umepotea, amekuacha peke yako mbele ya umati ule. Hilary anasema alitamani kusimama apige kelele kwamba kuna moto, watu wote watoke nje.

Clement akanong'ona. Lakini sauti ikatoka kubwa mno, ukumbi mzima ukasikia: "Bustani hii aliipanda..."

Uligeuka polepole, ukaangalia kule gizani alikokuwa.

"Najua, mzee wangu," ulisema. "Nilikuwa nawangoja hawa wamalize kukohoa."

Watazamaji wakaangua kicheko, kisha makofi. Walidhani mjane anazungumza na marehemu mumewe, na kwamba ndivyo mchezo ulivyoandikwa. Pazia liliposhuka Clement alisimama ameshika kofia, tayari kufukuzwa. Bwana Lomas alikuja mbio, akamshika mikono, akasema jambo lile libaki, kila jioni.

Hivyo sauti ya Clement ikawa sehemu ya mchezo. Kila uliponyamaza sana alikutupia maneno, nawe ukamjibu lolote lililokujia. Jioni moja ulimwambia asikukimbize, basi halijafika. Nyingine ukamuuliza mbona alipokuwa hai hakuwa msikivu namna hii. Kuna watu waliorudi mara ya pili ili wasikie tu utamjibu nini. Hakuna aliyejua lini unatania na lini umekwama, hata sisi. Clement alivaa shati kavu kila jioni, akalivua limelowa jasho, hadi mchezo ulipofikia mwisho wake. Na hakuna aliyekuhurumia.

Mkiwa kwenye treni ya kurudi Halifax alishindwa kujizuia, akakuuliza kuhusu ile jioni ya kwanza, pale dirishani. Ulikuwa kazini, au ulikuwa umepotea?

"Nikikwambia nilikuwa kazini, utajilaumu," ulimjibu. "Nikikwambia nilipotea, utaniogopea. Kula mkate wako, Clem."

Hakukuuliza tena. Baadaye jibu lilikutoka hata wewe mwenyewe, pamoja na jina la ukumbi, na la mtaa, na majina yetu. Clement anasema hataki tena kujua. Sisi hatumwamini, ila tunamwacha.

Unakumbukwa na mumeo Clement. Na mwanao Hilary na mumewe Desmond. Na wajukuu zako Imogen na Toby. Na mdogo wako Doreen, ambaye bado anasisitiza kwamba mwongozaji alipaswa kuambiwa. Na wanawake wa ufagio, waliotuletea maua mlangoni siku ya mazishi.

Kukumbuka sasa ni kazi yetu, Nesta, na hatutaichoka.