Matanga ya Mtu Aliyeangusha Kijiti

Kijiji cha Sibwesa,
S.L.P. ya Misheni,
Mpanda, Rukwa.
14 Septemba 1997

Mpendwa mjukuu wangu Telesphor, mume wangu mtoro,

Pokea salamu za bibi yako. U mzima? Najua kila barua inaanza hivyo, lakini safari hii nauliza kwa dhati, na ukisoma mpaka chini utaelewa kwa nini. Ule mguu wa kushoto uliosema unakaza asubuhi umepona? Na huko kambini mnakula nini, bado ni ugali na maharage, au baada ya kupanda ndege umeanza kuchagua?

Sisi huku tu wazima. Magoti yangu yananinyanyasa kila kukicha, lakini jua likipanda yanatii. Mpunga tumeshaupeta na kuuweka ghalani, mwaka huu haukutuangusha. Yule mbuzi wako mweusi kazaa mapacha, na mmoja ana tabia zako, hakai bandani.

Barua yako ilifika Jumanne. Nimeisoma mara tatu, na mara ya tatu nilikasirika. Unasema uliangusha kijiti mbele ya dunia nzima, mkawa wa mwisho. Unasema umewaaibisha wenzako watatu na ukoo wa marehemu baba yako Gelasius. Halafu unaniambia hutakuja Krismasi kama ulivyoahidi, utakuja siku watu wakishasahau. Yaani mimi mwanamke mzima nimekulea toka hujajua kufunga kaptula, leo unaniandikia kwamba unanionea haya.

Basi tulia usome. Nataka nikueleze mbio zako zilivyotufikia huku, maana hukuwepo, na naona unajitungia mambo kichwani.

Makarius, jirani yetu fundi baiskeli, alikuwa anaitangaza siku hiyo tangu Jumatano. Kila aliyepeleka tairi kuzibwa aliambiwa kwamba Jumamosi mchana Telesphor wetu anakimbia huko Ulaya, mbio za kupokezana vijiti, watu wanne, kila mmoja mita mia nne, na kwamba wewe ni wa tatu kupokea. Mawe ya redio yake yalikuwa yamechoka. Akayaanika juani juu ya bati siku mbili ili yapate nguvu kidogo. Nilimwambia anunue mapya dukani, akasema haya yatafika. Makarius unamjua, akishasema kitu hata malaika hambadilishi.

Jumamosi ikafika. Redio akaiweka juu ya kinu alichokipindua uani, aliposikia mnaingia uwanjani akaiacha inaongea peke yake, akaja mbio kuniita. Mimi nilikuwa nimelowa nafua, nikasema siwezi kwenda kumsikiliza mume wangu na nguo ya kufulia. Nikaingia ndani kutafuta kitenge. Ndiyo, unaweza kucheka. Nilikuwa nabadilisha nguo kwa ajili ya redio.

Wakati huohuo bibi yako mdogo Specioza alikuwa anatoka kisimani na ndoo kichwani, akapita kwa Makarius. Uani hapakuwa na mtu. Akaisikia redio inasema kwa sauti ya huzuni kabisa kwamba inasikitisha sana, ni masikitiko makubwa, Telesphor Gelasius wa Tanzania. Hapo hapo mawe yakaisha na redio ikanyamaza.

Sasa mwanangu, usimcheke Specioza. Wewe ulikuwa mdogo, labda hukumbuki tulivyopata habari za baba yako. Alikuwa kazini reli kule Tabora, hakuna aliyekuja kutuambia, hakuna barua. Tulikuwa tumekaa tunachambua maharage, yakaja matangazo ya vifo, tukasikia jina lake na jina la kijiji chetu. Specioza ndiye aliyekuwa karibu na redio siku ile. Toka hapo, miaka kumi na tatu, jina la Gelasius halijatajwa tena redioni mpaka Jumamosi hiyo. Na sisi huku, nani wetu aliwahi kutajwa redioni akiwa mzima?

Aliitupa ndoo na maji yake. Mimi na Makarius tuko njiani tunakwenda, tukamwona anakuja na mikono kichwani. Sikuhitaji kuuliza. Kile kilio ninakijua, nilishakisikia mara moja. Makarius alikimbilia kwenye redio yake, akaigonga, akayatoa mawe, akayasugua kwenye suruali, akayarudisha, wapi. Basi kila mtu akajimalizia habari mwenyewe. Wakasema kijana amekimbia mpaka moyo ukapasuka, ameanguka uwanjani ugenini.

Makarius akapanda baiskeli kwenda dukani kwa Callixte, yule Mrundi wa njia panda, kwa sababu Callixte ana redio na mawe mapya. Sisi tuliobaki tukaanza msiba.

Nikueleze msiba wako, maana ni wachache wanaopata kusikia msiba wao. Ulikuwa mkubwa. Sijui watu walijuaje haraka hivyo. Wanaume walikuja na shoka na kuni, wakawasha moto uani mchana kweupe. Wanawake wakaja na unga, maharage, mafuta kwenye chupa, na mmoja akaja na jogoo kamfunga miguu. Wale Wasukuma waliohamia kule bondeni na ng'ombe wao, ambao tulidhani hawatujui, walileta maziwa vibuyu viwili, wakakaa pembeni, vijiti vyao vya kuchungia wamevilaza chini. Nikatandikiwa mkeka. Specioza akajifunga kitambaa cheusi kichwani na kunikalia ubavuni.

Mimi sikulia, Telesphor. Nataka ujue hilo. Nilijaribu, sauti haikutoka. Nilikuwa naangalia mlango, yale maandishi ya chaki uliyoyaandika ukiwa darasa la sita kwamba hii ni nyumba ya bingwa. Sijawahi kuyafuta, napaka chokaa pembeni yake nayazunguka. Nikawaza nani atanizika mimi.

Katekista Silvester alifika na rozari yake, akaanza kutuongoza sala. Tulikuwa fungu la pili alipoingia binti yake, Mary. Kaja mbio toka shambani, miguu ina matope mpaka magotini, kichwa wazi. Hakumsalimia mtu. Alijitupa kwenye mkeka wangu, akanikumbatia miguu, akalia kwa sauti ambayo sijui mwili mdogo vile aliitoa wapi. Na akasema maneno. Alisema Telesphor wangu, uliniahidi Krismasi. Alisema barua zako zote ninazo. Alisema mengine ambayo siyaandiki, kuna watoto huenda wakaisoma barua hii.

Baba yake alinyamaza katikati ya Salamu Maria. Wanawake wote waliacha kulia ili wasikie vizuri. Ndipo mimi nikajua, kwenye matanga yako, kwamba mume wangu ana mke mwingine na mimi sikuambiwa. Tutalizungumza hilo ukija.

Ikapita kama saa moja na nusu toka Specioza atupe ile ndoo. Tukasikia baiskeli. Makarius anakanyaga, nyuma kambeba Callixte, na Callixte anacheka. Anacheka msibani. Vijana wawili walisimama, nadhani walitaka kumpiga. Makarius alitaka kusema lakini pumzi hakuwa nayo, kapanda kile kilima na mtu mzima nyuma. Ikabidi Callixte aongee mwenyewe, na alisimama mbali kidogo, hakuwa na hakika tutampokeaje.

Alisema kasikiliza mbio zote mwanzo mpaka mwisho. Alisema Telesphor hajafa, kaangusha kijiti.

Hakuna aliyeelewa. Ikabidi aeleze taratibu. Kwamba mlikuwa wa pili, mwenzako akaja mbio kukupa, kijiti kikateleza katikati ya mikono yenu miwili kikaenda kikizunguka pembeni. Kwamba wale wengine wote wakapita. Kwamba mtangazaji alisikitika kama aliyefiwa na mama yake. Lakini wewe ukageuka, ukakifuata, ukakiokota, ukakimbia mzunguko mzima peke yako nyuma ya watu ambao huwafikii tena, ukampa wa nne, naye akamaliza. Na uwanja wote ukawapigia makofi.

Mmoja wa wale Wasukuma akauliza hicho kijiti kina urefu gani. Callixte akaonyesha, kama mwiko mdogo. Yule mzee akauliza tena, na ni kwa hicho tu? Callixte akasema ni kwa hicho tu.

Hapo ndipo nikalia. Sauti ikaja yote. Nililia mpaka wakaogopa, wakadhani sijaelewa, wakawa wananiambia bibi, ni mzima, bibi, ni mzima. Nikawaambia nimesikia, niacheni.

Kuanzia hapo sikuweza kuwazuia watu. Specioza alipiga vigelegele na kitambaa cheusi bado kiko kichwani. Swali likawa chakula. Unajua desturi yetu, kilicholetwa msibani hakirudi kilikotoka. Unga hauwezi kubebwa tena kurudi nyumbani kwa mtu, ni mkosi. Basi kikapikwa chote. Jogoo akachinjwa, maziwa yakanywewa, ngoma sijui ilitoka wapi. Makarius aliweka mawe mapya kwenye redio, na saa ya taarifa ya habari tukasikia jina lako kwa masikio yetu, kwamba timu ilimaliza ya nane, kijiti kilianguka wakati wa kupokezana. Watu walishangilia. Ndiyo mwanangu, walishangilia kuangusha kwako kijiti, kwa sababu waliokuja kukuzika walikuwa wameambiwa hukufa, umeangusha tu. Sijawahi kusikia habari tamu kama hiyo.

Sasa nirudi kwenye barua yako. Unasubiri watu wasahau. Hawatasahau. Utakuja na mvi kichwani na bado watakusimulia. Lakini hakuna anayezungumzia kijiti. Wanazungumzia Mary. Anapopita kisimani wanawake wanamwita mjane, naye anajifanya anakasirika. Baba yake alikaa siku nne bila kuniambia neno, siku ya tano akaja, akakaa kwenye kigoda, akaniambia, "Mama, huyo kijana akimaliza kukimbia aje atueleze." Nikamjibu kwamba mimi mwenyewe ni mke mkubwa na sijaelezwa kitu. Alicheka, Telesphor. Silvester alicheka. Hiyo nafasi usiipoteze, mtu yule anacheka mara moja kwa mwaka.

Na kuna jambo jingine. Matanga yako hayajaanuliwa. Wazee walikaa wakajadiliana, wakaona hakuna anayejua jinsi ya kuanua matanga ya mtu aliye hai, haijawahi kutokea hapa. Wakaamua mwenye matanga aje ayaanue mwenyewe, akae kwenye mkeka huu, ale mbele ya watu, wamwone anameza. Specioza amekataa kuvua kitambaa mpaka akushike mkono. Anakwenda nacho misani, anakwenda nacho shambani. Na wanasema mtu akizushiwa kifo huishi miaka mingi, kwa hiyo jiandae, utachoka kuishi.

Wenzako watatu nao uje nao ukiweza. Hasa yule aliyekupa kijiti. Kama na yeye amejifungia mahali anajilaumu, mwambie kuna bibi Sibwesa anataka kumpikia.

Salamu nyingi toka kwa Makarius, ambaye sasa haaniki tena mawe yaliyochoka. Callixte anakusalimu na anasema ukija usipite dukani kwake bila kusimama. Specioza anakusalimu. Silvester hakutuma salamu, lakini aliniuliza kama barua imeshaandikwa. Mary ametuma zake kwenye bahasha yake, sikuifungua, ingawa niliiangalia kwenye jua.

Mungu akulinde huko uliko, akulindie hiyo mikono na hiyo miguu, na Bikira Maria akusindikize njiani.

Mimi sikuombi uje na medali. Nilikaa saa moja na nusu kwenye nyumba hii nikiamini hupo tena duniani, na katika muda huo wote sikukumbuka hata mara moja kama ulikuwa unakimbia mbio za kushinda au kushindwa. Nilikuwa nasikiliza mlango. Njoo uufungue.

Ni mimi bibi yako, niliyekaa matanga yako ukiwa hai, na nikupendaye hivyo hivyo,

Natalia