Shavu la Mpiga Tarumbeta

Tibasosa, 14 Machi

Mwanangu Yamile,

Salamu nyingi kutoka kwangu na kwa mama yako. Natumaini hujambo na baridi ya Bogotá haijakumaliza. Sisi huku wazima. Mimi mwenyewe ni mzima upande wa kulia.

Usishtuke. Tulikuwa tunacheza tejo, tunalenga vifuko vya baruti kwa vyuma kama kawaida yetu, Saúl wa tromboni akarusha chuma chake kama anayefukuza mbwa. Baruti ikalipuka vizuri, lakini chuma kikagonga ubao, kikarudi kwenye shavu langu la kushoto. Mfupa uko salama. Ila shavu limelala, mdomo umekwenda upande, supu inaishia kwenye shati. Nikipuliza tarumbeta, upepo unatokea pembeni. Na sikukuu ya Bikira wa Karmeli, mlinzi wa madereva, ni Julai, na solo ni yangu tangu hujazaliwa! Saúl anasema atanishikia nafasi. Aliyeniumiza ndiye anataka kunirithi.

Hospitali wananifungia kwenye kibanda, wananivalisha vidude masikioni, eti ninyanyue mkono nikisikia mlio. Wanasema nina masikio ya popo. Ahsante yao, lakini mimi sipigi tarumbeta kwa masikio. Karatasi yangu imeandikwa S04.6. Kazi yako si ndiyo hizo namba za magonjwa? Hebu angalia.

Dereva wa basi ana kifurushi chako. Jibini ni lako, usigawie ofisi nzima.

Baba yako

Bogotá, 19 Machi

Baba mpendwa,

Shikamoo. Mama naye namwamkia. Mimi sijambo. Jibini limeisha (ofisi nzima).

Pole sana, Baba. Nimelia kwanza, halafu nikacheka, unisamehe. S04.6 ni jeraha la mshipa wa fahamu wa kusikia. Wa uso ni S04.5. Mwenye sita anapelekwa masikioni, mwenye tano anapelekwa kwa mtaalamu wa mazoezi ya uso. Bima hailijui shavu lako, inaijua namba.

Mwanao Yamile

Tibasosa, 24 Machi

Mwanangu,

Hujambo? Sisi hatujambo.

Basi si ufute sita uandike tano! Nilikubeba mabegani kwenye maandamano yote ya Bikira, leo unashindwa kunibadilishia tarakimu moja?

Baba yako

Bogotá, 29 Machi

Baba,

Shikamoo. Natumaini hasira imepoa.

Siwezi. Hiyo si hospitali yetu, na hata ingekuwa yetu, sisi hatuandiki tunachokijua, tunaandika alichoandika daktari. Asichoandika daktari, kwetu hakikutokea. Bosi wangu, Doña Hermencia, alivunjika mkono, daktari akaandika mafua tu. Tukampa namba ya mafua, naye akatia sahihi kwa mkono mzima.

Niambie kweli, Baba. Ulimwambia nini daktari?

Mwanao Yamile

Tibasosa, 26 Aprili

Mwanangu Yamile,

Salamu. Afya ni ile ile. Sikukuandikia kwa sababu nilinuna, na kununa kwa nusu uso ni kazi.

Daktari ni msichana wa rika lako. Akaniambia: "Don Eliécer, hebu tabasamu. Onyesha meno. Vimbisha mashavu. Piga mluzi." Mimi! Mlango uko wazi, benchi zima linachungulia, na mama yake Saúl amekaa mbele kabisa. Nikapandisha skafu hadi puani, nikamwambia mtu mzima hafanyi vinyago, mimi nasumbuliwa na sikio tu. Sikio lilikuwa linavuma kidogo kweli, kwa ile baruti. Basi akaandika sikio.

Naogopa, mwanangu. Kila asubuhi naweka tarumbeta mdomoni, nasikia upepo tu. Bila solo ile, sijui mimi ni nani katika mji huu.

Baba yako

Bogotá, 1 Mei

Baba yangu,

Shikamoo sana.

Mficha maradhi kifo humuumbua. Wewe umeumbuliwa na sikio, shukuru Mungu. Rudi kwa daktari kesho. Kunja paji, bana macho, piga mluzi, onyesha meno yote hata lile la dhahabu. Mwombe aandike: mshipa wa uso, upande wa kushoto, umegongwa na chuma cha tejo. Hata kugongwa na kifaa cha mchezo kuna namba yake. Saúl peke yake ndiye hana.

Sikukuu sitapata ruhusa, na inaniuma. Solo hiyo ndiyo iliyonilea. Nenda, Baba.

Mwanao Yamile

Tibasosa, 17 Julai

Mwanangu Yamile,

Salamu nyingi. Sisi wazima. Mimi ni mzima pande zote mbili, ila wa kushoto unachelewa kidogo.

Nilivifanya vinyago vyote. Benchi lilicheka, daktari akacheka mpaka kalamu ikamdondoka, halafu akaiokota akaandika. Nikapewa tano yangu. Mtaalamu akaniamuru nibusu kioo kila siku, mama yako akawa anauliza najiandaa kwa nani.

Jana mabasi yalipambwa maua, honi zikapigwa, nikasimama. Mwanzo ulikwenda. Kwenye ile sauti ya juu, upepo ukatoka pembeni, nikajua nimekwisha. Saúl akaidaka sauti kwa tromboni, akaishikilia mpaka nikapata pumzi, akaniinamia kichwa, akanirudishia. Nikamaliza mwenyewe. Watu wanadhani tulipanga. Nimemsamehe, lakini tejo sichezi naye.

Kisha tukapiga picha. Unajua picha zangu zote nimekaza uso kama hakimu. Safari hii nilionyesha meno. Picha iko kwenye kifurushi, chini ya jibini. Itazame vizuri, mwanangu, halafu kwa mara moja tu usimsubiri daktari. Niandikie unachokiona wewe.

Baba yako, mpiga tarumbeta