Bibi Haamkii Mjukuu

Mjini Ibra, Jumanne

Hapana, mie sitayasema maneno yale.

Haitham, kijana muongozaji, amenipa nafasi ya bibi katika mchezo wao wa televisheni wa Ramadhani. Mjukuu anaingia, na bibi, mzaliwa wa Unguja kama mie, anainuka kumwambia, "Shikamoo." Bibi mzima amwamkie mtoto.

Nikamwambia, "Mwanangu, mdogo ndiye anayeamkia."

"Watazamaji wa huku ni Waarabu, hawajui, bibi. Wanataka kusikia Kiswahili tu."

Hawajui. Kule Unguja michezo ya televisheni nikiiandika na kuicheza mwenyewe, babake hajazaliwa. Haitham akacheka, akasema mabibi wengine wapo.

Hilo ndilo linaloniuma. Miaka yote hii hakuna aliyeniita nicheze, na magoti haya hayatangoja mchezo mwingine. Naitaka nafasi hii, wallahi. Lakini wajukuu zangu watatazama, na wao nimewafundisha mwenyewe...

Basi kesho nitakwenda. Yule anayecheza mjukuu kalelewa na bibi wa Kipemba, anajua. Kamera ikiwaka, akiingia, nitabaki nimekaa, nimkazie macho, kimya, mpaka aniamkie.

Marahaba yangu iko tayari mdomoni.