Lango la Chini

Sista Bibiana,

Nimekataa kuomba msamaha. Nataka ulisikie jambo hilo kutoka kwangu, wala si kwa mtu mwingine atakayekufuata huko. Wewe ulikuwa mkuu wa kwanza wa chuo hiki, nami nilikuwa mwalimu wako wa kwanza, na tulibishana tangu tulipofungua mlango mpaka ulipolazwa hospitalini. Kwa hiyo utanivumilia nikianza na ugomvi badala ya salamu.

Kaburi lako ni safi. Masista wenzako wamenikataza kung'oa magugu kwa sababu ya mgongo wangu, lakini mimi huenda baada ya chakula cha mchana, wakati wao wamepumzika. Ghala la kahawa tulimoanzia masomo limepakwa rangi nyeupe na sasa linaitwa ukumbi. Ile harufu ya kahawa uliyosema haitatoka milele imetoka. Wanafunzi wapya hawaamini kwamba humo ndimo wenzao wa kwanza walimojifunza ualimu, wakiwa wamekalia magunia, na wewe ukiandika hesabu kwenye mlango kwa kuwa hatukuwa na ubao.

Badiliko kubwa ni ukuta. Padri aliyeshika nafasi yako amekizungushia chuo kizima. Si mtu mbaya, nami nalisema hilo mapema ili usidhani ninamsengenya. Mabati yaliibwa, kisha mabomba, na siku hizi watu wananyakua viwanja kuanzia Ruiru hadi Thika kana kwamba ardhi haina mwenyewe. Aliogopa kwamba njia ya miguu inayokatiza katikati ya chuo ingegeuzwa barabara ya umma. Kwa hiyo akatia mnyororo na kufuli kwenye lango la chini.

Lango la chini, Sista. Nilipouona mnyororo ule nilitafuta neno nikalikosa, mimi ambaye ulinisema kila siku kwamba maneno yangu hayaishi.

Yeye hakuwako mwaka ule tuliokosa maji. Pampu ilikufa, ujenzi wa madarasa ukasimama, na Mzee Ramadhani, muuza mahindi wa nyumba za chini, akatufungulia kisima chake. Watu wa mtaa ule, Waislamu waliotoka pande nyingi na kukaa pamoja, walitubebea maji kwa ndoo mpaka kuta zetu zikasimama. Ulipomuuliza mzee anataka nini, alisema hataki kitu, ila njia. Makaburi yao yako upande wa pili wa chuo, na wasipokatiza kwetu hulazimika kulibeba jeneza kwa kupitia barabara kuu. Ulisimama mbele yake kwenye matope, viatu mkononi, ukasema, "Mzee, maadamu kuna jua, lango hili halitafungwa."

Nilikulaumu baadaye. Nilitaka karatasi na mhuri. Ukaniambia, "Mwalimu, yeye ametupa maji bila karatasi."

Tangu hapo, kila jeneza lao lilipopita, tuliyakatiza masomo tukasimama madirishani, kimya, mpaka liishe kupita. Utaratibu huo uliuweka wewe. Nasi kila Sikukuu ya Ekaristi tulitoka kwa lango lile, tukauzunguka mtaa wao tukiimba. Waliifagia njia, wakainyunyizia maji ili vumbi litulie, wakazima redio. Hawakuabudu pamoja nasi, wala hatukuwadai waabudu. Walitupokea, basi.

Mzee Ramadhani amefariki, Sista. Huenda mmeshaonana. Siku ya mazishi Padri mkuu alikuwa Nairobi, na ufunguo alikuwa nao. Askari wa lango hakuwa na la kufanya. Wanaume walisimama na jeneza mabegani, wakangoja, kisha wakageuka. Mtu aliyetunywesha maji alipitishwa kando ya barabara kuu huku malori ya mchanga yakimpigia honi. Mimi nilikuwa darasani. Niliwasimamisha wanafunzi madirishani kama ulivyotuzoeza. Tulisimama. Hakuna aliyepita.

Padri mkuu aliporudi alisikitika kweli, akaenda kutoa pole. Lakini mnyororo haukuondoka. Sikukuu ya Ekaristi ilipokaribia, akatangaza kwamba maandamano yatauzunguka uwanja wa mpira, ndani ya ukuta.

Unajua kwamba msalaba hubebwa na mimi, na kwamba msalaba hutangulia, Ekaristi ikifuata nyuma mikononi mwa padri. Sikumwambia mtu lolote. Tulipofika kwenye pembe ya uwanja, sikukata kona. Niliteremka moja kwa moja hadi langoni, nikasimama uso wangu ukiwa kwenye vyuma, na chuo kizima kikasimama nyuma yangu.

Wimbo ukaisha. Wakauanza tena, ukaisha tena. Upande wa pili mtaa ulikuwa umefagiwa, maana hakuna aliyewaarifu kwamba mwaka huu hatuji. Mama Zainabu, mjane wa Mzee Ramadhani, akasogea karibu na vyuma akaniambia polepole, "Rudini tu, Mwalimu. Sisi tumeshazoea kuzunguka."

Nikamjibu, "Ninyi mmezoea, Mama. Mimi sijazoea."

Msimamizi wa kwaya akaja kuninong'oneza kwamba nigeuke. Nikamwambia kwamba msalaba ukigeuka utakutana uso kwa uso na Ekaristi, halafu nani atampisha nani? Akarudi kwenye kwaya yake.

Hapa ungecheka, Sista, ukaficha mdomo kwa kitambaa kama kawaida yako. Ufunguo ulikuwa mfukoni mwa suruali ya Padri mkuu, chini ya kanzu, chini ya joho la ibada, na mikono yake yote miwili ilikuwa imekishika chombo cha Ekaristi. Ikabidi dawati liletwe mbio kutoka darasani, litandikwe kitambaa, Ekaristi iwekwe juu yake, sote tupige magoti, yeye naye apige magoti, kisha ainuke na kuanza kujipekua. Mwanafunzi mmoja nyuma yangu akasema chinichini, "Ai, Mwalimu, leo umetuweza." Kwa mara ya kwanza tangu nianze kazi hii sikumkemea mtu kwa kuongea katika ibada.

Alifungua. Tukapita.

Kesho yake aliniita ofisini. Hakupaza sauti. Alisema nimeitumia ibada kumtia aibu, na kwamba nitaomba msamaha mbele ya wanafunzi wote kwenye paredi. Nilimwambia kwamba aibu ilikuwako langoni kabla sijafika, mimi niliikuta. Akaniuliza kama ninajua kwamba mabomba yakiibwa tena atalaumiwa yeye, si mimi. Nikasema ninajua, na kwamba usiku afunge atakavyo. Ahadi yako ilikuwa ya mchana.

Kwenye paredi nilipewa nafasi ya kuomba msamaha, nikaitumia kusimulia. Niliwaeleza habari za pampu, za ndoo, na za mtawa aliyesimama kwenye matope bila viatu akatoa ahadi kwa niaba ya watu ambao walikuwa bado hawajazaliwa, yaani wao. Niliwaeleza pia Mzee Ramadhani alipitishwa wapi siku ya kuzikwa kwake. Kisha nikashuka. Neno la msamaha halikutoka, na halitatoka. Padri mkuu akawaruhusu waende madarasani.

Sasa sibebi msalaba. Vipindi vyangu amepewa kijana mmoja mpole, na nimemwachia chaki zangu bila kinyongo. Lakini askari amekuwa akilifungua lango asubuhi na kulifunga jua linapotua. Sikumwuliza amepewa amri na nani. Juzi walipita na jeneza la mtoto, na nimeambiwa kwamba wanafunzi walisimama madirishani bila kuambiwa na mtu.

Bodi itakutana muhula ujao ili iamue kama lango litaachwa au litazibwa kwa mawe. Wataniambia kwamba mimi si mwalimu tena na sina kiti mezani kwao. Nitasimama.

Ninakukosa, Sista. Hakuna mtu wa kubishana naye hapa. Wote wananiheshimu mno. Pumzika. Mwombee Padri mkuu, kwa kuwa mzigo wake si mwepesi. Mimi usiniombee upole, bado sijauhitaji.

Nami nakuahidi hili. Nimewaambia wanangu hapa nyumbani Kimbo kwamba siku yangu itakapofika, Misa isomwe katika kanisa la chuo, na niingizwe kwa lango la chini, mchana. Wakilikuta limefungwa, wasizunguke. Waniweke chini palepale, waimbe, wamngojee mwenye ufunguo. Mimi sitakuwa na haraka.