Gari Lililoegeshwa na Ofisi

5 Machi

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Habari za kazi hapo mahakamani? Sisi wazima, na mimi nimenenepa kwa raha ya ndoa. Mume huyu, Shangazi! Ananiamsha kwa kuniimbia, na sauti yenyewe hana. Aliacha malori ya masafa marefu ili alale nyumbani, tukanunua gari dogo la abiria.

Lakini haliendi popote! Tuliomba kibali cha kubeba abiria kabla ya harusi. Kila tukienda ofisi ya leseni, yule wa dirishani anachokonoa meno na kusema, "Bado linashughulikiwa." Tajiri wa zamani wa mume wangu anampigia simu arudi kwenye lori. Akirudi, nitakuwa namwona kwa nadra kama mgeni. Nina hasira hadi nalia pale dirishani.

Mwanao

19 Machi

Bibi harusi wangu,

Marahaba. Mimi mzima, isipokuwa goti. Hao wajanja. Wakikunyima, unakata rufaa. Wakinyamaza, utakata rufaa juu ya nini? Nendeni mahakamani, jaji awaamuru wajibu. Ila msiombe kibali, jaji hagawi vibali. Ombeni jibu. Na uache kulia pale dirishani, wameshazoea.

Shangazi yako

30 Mei

Shangazi,

Shikamoo. Goti linaendeleaje? Sisi wazima wa mwili tu.

Tulishinda! Jaji alimuuliza wakili wao, "Hilo faili limevunjika miguu?" Watu wakacheka. Mume wangu akanishika mkono mbele ya kadamnasi, nikaona haya tele. Wakaamriwa wajibu upesi.

Jana wamejibu. Wamekataa! Eti cheti cha ukaguzi wa gari kimeisha muda. Kimeishia mezani kwao, Shangazi! Tulikipeleka kikiwa kipya! Nilipiga kelele hadi jirani akaja na ndoo ya maji, akidhani tunaungua. Mume wangu amepiga pasi ovaroli ya lori.

Mwanao aliyevimba

6 Juni

Mwanangu,

Marahaba, na pole sana. Goti liache, hili lako ndilo linaloniuma. Hao watu hawana hata aibu! Lakini sasa wametoa sababu kwa maandishi, na sababu yenyewe ni uzembe wao. Uamuzi huo jaji anaweza kuutengua, awaagize waamue upya. Rudini haraka, muda wa kulalamika una mwisho. Mkwe wangu asipande lori.

Shangazi yako

11 Juni

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Natumaini umeamka salama. Mimi mzima, nyumba ndiyo inapwaya.

Barua yako ilimkuta ameshaondoka. Alinibusu, akafika kona, akarudi kunibusu tena, mwenzake akipiga honi kama mwendawazimu. Nampenda hadi nawachukia watu nisiowajua majina.

Gari tuliliandikisha kwa majina yetu wote wawili, kwa hiyo leo nimepeleka malalamiko mahakamani peke yangu. Karani akanitazama juu hadi chini. "Mwenye gari yuko wapi, mama?"

"Unaongea naye."

Akagonga muhuri.

Mwanao