Godoro Juu ya Mawe Meusi

Bugeshi, 12 Mei 2024

Bibi yangu mpenzi,

Salamu nyingi kutoka huku juu kwenye baridi. Goti lako la kushoto linasemaje? Bado unagombana na Liliane kwa kelele za cherehani yake? Msalimie, maana najua ndiye anayekusomea. Sisi wazima, alhamdulillahi.

Sikupiga simu kwa sababu humu ndani simu inasikika nyumba nzima, na neno lenyewe ni la mtoto. Cyuzuzo, binti wa mume wangu Abdu aliyeachwa na marehemu mke wake, anakojoa kitandani karibu kila siku. Ana miaka saba. Godoro limejaa madoa, harufu imeingia hadi kwenye pazia. Nilimwagia maji ya moto na javeli ya kung'arishia nguo, nikakohoa hadi machozi, na doa likabaki.

Siku ya Idi ya kuchinja anakuja Mukarugwiza wa Nyamyumba, mama wa marehemu. Kwenye harusi yangu aliniambia mbele ya watu: "Mjukuu wangu namwacha hapa nikutazame. Nikimkuta ananuka, naondoka naye." Na Cyuzuzo ndiyo kwanza ameanza kushika pindo la kitenge changu tukienda bombani. Sitaki kumpoteza, bibi. Nifanye nini?

Mjukuu wako,
Rayhana

Gisenyi, 15 Mei 2024

Rayhana, mujukuu wangu,

Salama tu. Goti iko palepale, inauma mvua ikikaribia, na mvua inakaribia kila siku. Viazi vimefika, Mungu amubariki Abdu. Liliane anaandika kama ninavyosema, na anacheka, mujinga huyu.

Bon. Nani alikufundisha maji ya moto? Maji ya moto inapika mukojo ndani ya godoro. Na javeli ikikutana na mukojo inatoa moshi mubaya, itaua mutu. Usirudie! Ulikaa kwangu miaka ishirini, ukatoka na akili ya kuku.

Sikiliza. Asubuhi, doa ikiwa mbichi, chukua kitambaa kikavu, ukandamize na kiganja. Usisugue. Ukisugua unaizamisha. Kandamiza, geuza kitambaa, kandamiza tena. Kisha siki kikombe kimoja, maji baridi kikombe kimoja, unyunyize na vidole, kidogo tu. Sponji ukiilowesha sana inaoza ndani. Halafu mwaga juu bikarbonati, ile tunatia kwenye maharagwe iive haraka. Iache mpaka alasiri, uipanguse na brashi. Ile doa ya zamani, ya njano, nenda farmasi uombe maji ya oksijeni, ile ya kusafisha kidonda, tia tone ya sabuni, ujaribu kwanza kwenye pembe.

Kisha jua. Najua huko kwenu jua inapita kama mugeni mwenye haraka. Lakini mawe meusi ya volkano inashika joto. Ule ukuta wa mawe mbele ya nyumba yenu, tandaza godoro juu yake.

Nakutumia toile yangu ya meza, ile plastiki ya maua, uitandike chini ya shuka. Mi nitakula kwenye mbao, sikuzaliwa na toile.

Na usimugombeze mutoto. Hakuna mutu analala akiwa amepanga kukojoa.

Bibi yako

Bugeshi, 30 Mei 2024

Bibi yangu,

Natumai goti limekuachia usingizi kidogo. Asante kwa toile, asante na kwa matusi. Harufu imekwisha kabisa, na lile doa la njano limebaki kivuli tu.

Lakini nimeharibu. Jumatatu nilitandaza godoro juu ya ukuta wa mawe kama ulivyosema. Sikukumbuka kwamba njia ile ndiyo ya shule. Watoto wakapita, wakaona doa, na ukuta ni wa nani wanajua. Mchana Cyuzuzo akarudi, kundi nyuma yake: "Cyuzuzo Kivu! Cyuzuzo Kivu! Ziwa liko kitandani kwako, tuvulie samaki sambaza!"

Hakunililia wala hakunifokea. Ingekuwa afadhali. Aliviringisha godoro mwenyewe, akalisimamisha pembeni, na siku tatu sasa analala kwenye mkeka juu ya sementi, kwa baridi hii. Nikimhamisha, anarudi. Kitenge changu hakishiki tena. Jana alimuuliza baba yake zimebaki siku ngapi nyanya wa Nyamyumba afike, na leo nimekuta nguo zake zimekunjwa ndani ya mfuko wa viazi.

Abdu anasema atasahau. Mimi sioni hivyo.

Mjukuu wako,
Rayhana

Gisenyi, 2 Juni 2024

Rayhana wangu,

Leo sikuulizi habari, umekwisha nipa. Mi sijambo.

Kosa ni yangu. Nilifikiri godoro, nikasahau anayelala juu yake. Ukuta ni mi nilisema. Mwambie mutoto hivyo: kuna bibi kizee Gisenyi, hajaona darasa, amekosea, anaomba musamaha.

Sasa nikuambie neno ambalo nilitaka kwenda nalo kaburini. Liliane ameacha kucheka.

Ulipoletwa kwangu mama yako alipokufa, ulikuwa na miaka sita. Tulilala godoro moja. Unakumbuka bibi yako alikuwa anakojoa? Unakumbuka kila asubuhi nakuamsha, nasema, "Nimekulowesha tena, mutoto wa watu, nisamehe"? Na godoro inatoka uani mbele ya wapangaji wote, wanawake wanashika pua, na mi nawajibu: "Uzee, dada zangu! Ngojeni zamu yenu!"

Nilikuwa na miaka hamsini na mbili. Kibofu yangu ilikuwa haijavuja hata tone. Ulikuwa wewe, Rayhana. Miaka mitatu.

Usilie. Mi ndiye nilipata faida. Uliletwa husemi, hata maji ulikuwa huombi. Siku moja tunabeba godoro, wewe nyuma, mi mbele, ukaninong'oneza: "Bibi, usione haya, mi sitaambia mutu." Ndiyo neno ya kwanza ulinipa. Nilienda nyuma ya choo nikamushukuru Mungu kwa sauti.

Sikutumi umudanganye Cyuzuzo. Wewe kijana, nani ataamini? Mwambie ukweli, ule wa kwako. Na godoro isitoke njiani tena: isimamishe ndani kwenye viti viwili, dirisha wazi. Na kitambaa umupe mutoto akandamize yeye mwenyewe. Mikono ikipata kazi, haya inapungua.

Bibi yako

Bugeshi, 18 Juni 2024

Bibi,

Idi njema, wewe na Liliane. Barua yako niliisoma nimekaa juu ya gunia la viazi, nikalia hadi Abdu akadhani kuna msiba. Miaka yote hiyo mimi ndiye niliyekuwa nakuonea huruma! Hata ulipokuja harusini nilimwomba shangazi yake Abdu akutandikie nailoni chini ya shuka. Nisamehe, bibi.

Nilimwambia Cyuzuzo jioni ileile. Akanitazama. "Mpaka miaka mingapi?" Tisa. Akahesabu kwa vidole. "Mi nimebakiza miwili." Akaenda akalikunjua godoro kitandani, lakini mfuko wa nguo hakuufungua.

Asubuhi ya Idi kitanda kilikuwa chapachapa. Tulikuwa tumepiga magoti na vitambaa vyetu, Mukarugwiza akaingia moja kwa moja hadi chumbani, hata viatu hajavua.

"Nani huyu aliyekojoa?"

Nilifungua mdomo niseme ni mimi. Cyuzuzo akaniwahi: "Ni mimi, nyanya. Na huyu naye alikojoa mpaka miaka tisa."

"Kweli?"

"Kweli, mama," nikamwambia.

Akainama, akanusa godoro kama anayenusa maziwa. Akashika kitambaa, akaanza kusugua. Cyuzuzo akampiga mkono: "Usisugue, unaizamisha! Kandamiza." Nikajua sasa tumekwisha. Bibi, yule mama akapiga magoti, akakandamiza. Kisha akamwambia mtoto, polepole: "Mama yako naye alikuwa hivi. Mi nilimchapa. Kila asubuhi nilimchapa."

Cyuzuzo akamgeuzia kitambaa upande mkavu.

Alasiri yule mama akasimama kwenda, akauona mfuko wa viazi mlangoni. "Tunakwenda?" akamuuliza mtoto. Cyuzuzo akatazama chumbani. "Godoro bado halijakauka," akasema. Mukarugwiza akaondoka peke yake.

Mtoto bado haniiti mama. Ananiita "huyu". Asante, bibi yangu. Asante kwa miaka mitatu niliyokuwa siijui.

Mjukuu wako,
Rayhana

Gisenyi, 20 Juni 2024

Rayhana,

Nimefurahi mpaka goti imesahau kuuma. Kumbe ile nailoni ilikuwa wewe! Nililala inalia kwacha-kwacha, nikalaani wakwe zako bure. Umuombe shangazi yake Abdu musamaha kwa niaba yangu.

"Huyu" inatosha kwa sasa.

Asante ni mi nakuambia wewe. Nililea mutoto mumoja, sasa nahesabu wawili.

Lakini tangu Liliane anisomee, namufikiria yule mama wa Nyamyumba. Kusema "nilimchapa" mbele ya mujukuu, na aliyechapwa iko kaburini! Amerudi na hiyo neno nyumbani, peke yake. Haifai. Donc, basi, jana nimepanda moto, pikipiki ya abiria, goti na yote, nikaenda mpaka mulangoni kwake. Alinitazama vibaya. Nikamwambia: "Mi ndiye bibi wa Rayhana. Weka chai." Tumekaa mpaka magharibi, tumelia, tumecheka, amenipa samaki.

Jumamosi tunakuja wote wawili na gari ya viazi ya Abdu. Usichinje kitu. Tutandikie kitanda kimoja, sisi wazee, karibu na cha mutoto.

Bibi yako