Simu Zilizorudi Kabla ya Kesi

Mdogo wangu Karisa,

Wameachiliwa. Wote watatu, walitoka wiki iliyopita wakipigana mabegani na kucheka, na mama yetu akiwa amekaa kwenye benchi la mahakama na kanga yake mdomoni. Nakuandikia nina hasira, na leo usiniambie, kama ulivyozoea, "Dada, punguza moto."

Nakukumbuka kwenye kile kibanda chako cha kutengeneza simu pale Timbwani, taa imekuinamia puani, bisibisi mkononi. Nikikuletea simu yangu ulikuwa ukiipima kwa kiganja na kusema, "Dada, hii si simu, hii ni tofali." Wateja wote wanacheka, mimi nakutukana, halafu unaitengeneza bure. Na kila simu iliyopita mikononi mwako uliichora jina la mwenyewe kwa sindano, ndani ya mfuniko, ili isipotee. Nilikuwa nakucheka kwa hilo. Hakukuwa na fundi mwingine Likoni nzima aliyefanya hivyo.

Asubuhi ile walikupiga nondo ukifungua mlango. Hakuna aliyeona. Walibeba simu zote za watu, wakakuacha sakafuni. Siku ya pili polisi wakazikuta Magongo, chini ya kitanda cha mmoja wao, na mwenzake yuko humo humo. Ndani ya kila mfuniko kuna jina, kwa mwandiko wako. Ushahidi gani tena ulitakiwa, Karisa? Ulikuwa umewashtaki wewe mwenyewe.

Wa tatu ni jirani yako muuza vocha za simu, yule mliyekuwa mkigawana mahamri. Alikuwa amewapigia simu wale wawili jioni ya kuamkia siku ile na asubuhi yenyewe. Yeye ndiye aliyejua kibanda kimejaa.

Sasa sikiliza tulichofanya sisi. Matanga yanaendelea, na unajua kwetu siku ya mazishi lazima itangazwe kwamba anayemdai marehemu ajitokeze. Wenye simu walikuwa pale pale uani, wanalia nasi. Baba mkubwa akasimama, na sauti yake ile ya mzee wa kanisa: "Karisa hawezi kuingia kaburini na amana za watu." Mama naye: "Mwanangu asidaiwe hata waya, jamani." Wakaenda kituoni kuziomba. Na yule afisa wa upelelezi, badala ya kuwaambia wazee wangu poleni lakini hizi ni ushahidi wa mahakama, akaleta mfuko mwenyewe mpaka matangani. Akapewa kiti na sahani ya pilau. "Chukueni tu, mama, ni mali za watu," akasema. Hakupiga hata picha moja ya yale majina. Mimi nilikuwa jikoni, nikasikia majina yakiitwa na watu wakiitika, nikaona ni jambo la heshima.

Simlaumu mama. Alitaka ulale bila deni. Baba mkubwa namlaumu kidogo, siku nyingine sana. Lakini yule afisa! Ile ndiyo kazi yake. Alijua, akala pilau yetu, akanawa.

Kufika siku ya kesi, simu nyingine zilikuwa zimeuzwa, nyingine zimevunjika, nyingine zimetiwa mifuniko mipya. Jaji wa kwanza alimwamini afisa kwa maneno yake, akawafunga. Tukashukuru Mungu. Kumbe kwenye rufaa majaji ni watatu na wanauliza vitu. Simu ziko wapi? Picha je? Nani atatuonyesha jina hata moja? Wakili wa serikali akafungua faili, akafunga, akafungua tena. Nikatamani kumtupia kiatu.

Wakasema kushuku si kuthibitisha, hata ushuku vipi. Wakasema wizi haukufungamanishwa na watu hawa, na bila wizi mauaji nayo yanaelea. Kuhusu njama, jirani na wale wawili ni mashemeji, na mashemeji kupigiana simu si kula njama. Nilitafuta kosa katika maneno yao ili niwachukie, sikuliona. Hilo linaniuma kuliko yote. Walisema kweli, na wewe umekufa, na waliokuua wanatembea.

Tumeuliza kama kuna mlango mwingine. Tumejibiwa kwa upole kwamba kesi imekwisha.

Jana mama alitoka sokoni, akaingia bila kutua kikapu. Uso umemsawijika. Nikamuuliza kuna nini.

"Nimesalimiwa njiani," akasema. "Nimeambiwa shikamoo mama, kwa adabu kabisa. Nikaitika marahaba mwanangu. Kuinua macho, ni yule wa vocha." Akakaa chini. "Kadzo, nimemwita mwanangu."

Mpaka sasa hajala. Amenawa mdomo mara kadhaa, kama mtoto aliyelamba sabuni.

Unajua nilivyolelewa. Sijawahi kuiacha salamu ya mtu ikaanguka, hata ya mlevi. Lakini mtu yule nitakutana naye, njia yetu ni moja. Atanisalimia mbele za watu. Na watu wote wa Timbwani watasikia nilivyonyamaza.

Pumzika, mdogo wangu. Huku hatupumziki.

Dada yako,
Kadzo